Siku Arobaini za Ramjan Bivi

Haya alinieleza Meharun mwenyewe mwaka wa tisini na mbili, tumekaa ukumbi wa nyuma wa dargha, jengo lenye kaburi la Wali, mtu mtakatifu wa Mungu, tunachambua dagaa wa karamu yake. Alikuwa keshavuka miaka arobaini. Hakulia alipokuwa akisimulia. Dagaa waliisha, na vidole vyake vikaendelea kuchambua sinia tupu.

Siku yenyewe ilikuwa Alhamisi, wiki ya kupandisha bendera, na dargha ilikuwa imejaa hadi barazani. Ndani watu wanasoma Yasini kulizunguka kaburi. Mlangoni akina mama wa Kihindu wamewanyoa watoto wao na kuwapaka msandali vichwani, wanangoja zamu. Nje, kwenye chungu cha mchanga, Wachina wanachomeka udi wao na kupanga machungwa. Meharun alizaliwa katikati ya watu hawa na hakuwahi kuwaona kuwa ni ajabu. Alikuwa binti pekee wa Kadir Maidin, mtunza kaburi na imamu wa msikiti ulioshikana nalo ukuta kwa ukuta, na siku hiyo alikuwa nyuma ya pazia la sebuleni, mikono yake imejaa hina, anasikiliza akiposwa.

"Mama yake amekuja na machungwa makapu mawili," Shangazi Katija alimnong'oneza, jicho liko kwenye upenyo wa pazia. "Tunaoza mtu au tunafungua genge la matunda?"

"Shangazi, watasikia."

"Wasikie. Mimi sikuwaita."

Shangazi Katija, dada yake Kadir, hakuitaka ndoa hii tangu mwanzo. Na yule mama aliyekaa sebuleni, Geok Lan, naye hakuitaka. Kwa miaka mitatu hakulitamka jina la Meharun. Alimwita "yule wa kaburini". Tat, kijana aliyekuja kuposa, alikuwa mwanawe pekee, na baba yake amefariki. Mtoto akisilimu, nani atamwashia baba yake udi nyumbani? Mama huyo alilia, akagoma kula, akahamia kwa dada yake miezi minne. Tat hakurudi nyuma. Alisilimu msikitini pale pale, Kadir akampa jina la Ilyas, na miezi minane sasa alikuwa hakosi sala ya alfajiri.

Walipendana ngazini. Tat alikuwa fundi wa umeme, na kila mwaka alikuja kufunga taa za sherehe kuzunguka kuba. Meharun alimpelekea chai. Hakumpa mkononi hata siku moja. Alikiweka kikombe kwenye kipandio cha tatu cha ngazi, akarudi hatua mbili, ndipo Tat akashuka kukichukua. Akimaliza, naye anakiweka pale pale, anapanda juu. Miaka mitatu vitu vyao vyote vilipita kwenye kipandio kile: kikombe, balbu, kitana, barua. Mkono kwa mkono, hapana. Lakini macho! Meharun alisema kuna siku Tat alimtazama akiwa juu kabisa, waya mdomoni, mpaka msaidizi wake akampigia kelele kwamba atauawa na umeme.

"Sasa sisikii vizuri," Shangazi alisema. "Mbona wamenyamaza?"

Walikuwa wamenyamaza kwa sababu Geok Lan alikuwa anafungua vyombo vya chakula. Alinunua masufuria mapya kwa ajili ya kupika siku hiyo, ili yasiwe yamewahi kugusa nyama ya nguruwe, na alitaka kila mtu ajue.

"Bei ya dukani ingali imebandikwa chini," alimwambia Kadir, akipindua moja. "Tazama mwenyewe. Kuku nimemnunua kwa Hamid wa sokoni, amechinjwa kwa dini yenu."

"Mama Tat, umejisumbua," Kadir alisema.

"Sijajisumbua. Nimekuwa mkorofi, najua. Nimekuja kumaliza ukorofi wangu."

Tat alikuwa kando ya mama yake, amevaa kofia nyeupe ambayo bado haijajua kukaa kichwani mwake. Meharun alimwona akiinamisha uso ili asicheke kwa furaha. Moyo wake mwenyewe ulikuwa unataka kupasua blauzi.

Shangazi hakuweza kuvumilia. Alitoka nje ya pazia, akakaa kitako mbele ya wageni.

"Mambo mazuri," alisema. "Lakini mimi ni mtu wa kusema. Leo machungwa, kesho mjukuu. Mjukuu huyo akienda kwa bibi yake, atakuta masanamu, atakuta udi. Atakuwa nani? Mgeni ni mgeni, hata akivaa kofia."

"Dada," Kadir alisema.

"Niache niseme. Huyu kijana silijui kabila lake, siijui asili yake. Ameingia nyumba hii kwa ngazi ya taa."

Tat alifungua mdomo, lakini mama yake alimwekea mkono gotini. Geok Lan hakukasirika. Alitabasamu kama mtu aliyengoja swali hilo hilo.

"Mgeni?" alisema. "Bibi, mwanangu ameingia nyumba hii kabla ya binti yenu. Nimenyamaza miaka ishirini na sita kwa sababu niliahidi. Lakini niliyemwahidi ameshatangulia, na leo nadhani angenipa ruhusa."

Akatoa mkobani kibati chembamba kilichokatwa umbo la susu, kitanda cha kuning'iniza mtoto mchanga, kama vile vinavyouzwa getini kwa watu wenye nadhiri za watoto. Kilikuwa kimepata weusi kwa ukongwe.

"Tat alizaliwa manjano kama bizari. Hanyonyi, halii. Daktari akasema nimpeleke nyumbani, maana yake nadhani mnaijua. Mama mkwe wangu akaniambia, mpe Wali, awe mtoto wa Wali, labda atamwacha aishi. Nikamleta hapa siku ya mvua. Wewe Kadir hukuwepo."

"Nilikwenda kwetu ng'ambo, Nagapattinam," Kadir alisema. "Kwenye msiba wa kaka. Nilikaa miezi mitatu."

"Hukuwepo. Alikuwepo mkeo."

Nyuma ya pazia Meharun alisogea karibu. Mama yake, Ramjan Bivi, alifariki yeye akiwa na miaka kumi na mmoja, na kila mtu aliyemtaja alikuwa kama anamletea kipande chake. Alifurahi. Alidhani Mungu amemtuma mama yake aje kumsaidia siku ya posa yake.

"Alikuwa na arobaini yake ya uzazi," Geok Lan aliendelea, "lakini chumba hakina mtoto. Wa kwake alikufa siku ya saba. Alikuwa amekaa peke yake kile chumba cha ubavuni, kifua kimemjaa mpaka homa imempanda. Nikampitisha Tat mara tatu chini ya kitambaa cha kaburi kama ilivyo desturi. Mara ya tatu akaninyang'anya. Wallahi, kama mnavyosema nyinyi, alininyang'anya! Akakaa chini na kumweka kifuani. Na yule mtoto aliyekataa kila kitu, akanyonya."

Alitazama huku na huku akisubiri waseme mashallah.

Kadir alikuwa ameshika kikombe chake, hakinywi wala hakiweki.

"Labda," alisema taratibu sana, "alimpa kwa kijiko. Maziwa ya mbuzi. Tulikuwa na mbuzi wakati ule."

"Kijiko! Kijiko alikitema siku zote. Ziwa lake mkeo, Kadir."

"Basi labda mara moja. Mbili. Mpaka mtoto alipopata nguvu."

"Mara mbili?" Geok Lan alicheka, mkono kifuani. "Usimpunguzie mkeo thawabu zake! Siku arobaini. Mimi nililala mkekani pembeni, yeye kitandani na mwanangu, asubuhi, mchana, usiku. Mtoto akanenepa mpaka mapaja yakawa na mikunjo. Ndiyo maana nasema Tat si mgeni. Maziwa ya nyumba hii ndiyo yaliyomjenga."

"Una hakika alikuwa yeye?" sauti ya Kadir ilikuwa imeshuka. "Pale hupita wanawake wengi. Wengine hujitolea."

"Kadir, ningemsahau vipi? Alikuwa akinyonyesha upande wa kulia tu. Wa kushoto ulikuwa na kovu la mafuta ya moto, la tangu utotoni, aliniambia, limejikunja kama jani. Aliona haya nilione."

Kikombe kiligonga kisosi.

Meharun alikuwa amemwogesha mama yake kwa kitambaa miezi ile ya mwisho. Kovu lile alilijua. Hakuna mtu mwingine chini ya jua aliyelijua, ila mume aliyekuwa pale sebuleni, ambaye sasa alikuwa ameinamisha kichwa mpaka kidevu kimegusa kifua.

Shangazi Katija ndiye aliyesema kwanza, na sauti haikuwa yake. "Mimi nilikuwa nyumba ya mbele. Mbona sikujua?"

Geok Lan alisita. "Aliniomba nisiseme. Alisema, wifi yangu ananilaumu mtoto amekufa kwa sababu nilikula nanasi. Akisikia maziwa ya maiti wangu nimempa mtoto wa Kichina, hataniacha nikae mjini hapa."

Shangazi aliweka kiganja mdomoni.

"Sasa kwa nini mmekaa kama msibani?" Geok Lan aliuliza. "Nimesema vibaya?"

Kadir alinyanyua uso. "Mama Tat. Mwanamke akimnyonyesha mtoto mchanga mara tano akashiba, yule ni mwanawe. Na watoto wake ni ndugu zake."

"Vizuri! Si ndivyo nilivyosema?"

"Ndugu hawaoani."

Mama yule alimtazama, bado ana tabasamu, kama mtu anayengoja mzaha umalizike. Lakini Tat alikuwa amesoma dini miezi minane, na Kadir mwenyewe ndiye aliyemsomesha. Alisimama. Goti lake lilipiga sinia, kuku akamwagika kwenye mkeka. Alimwambia mama yake maneno machache kwa lugha yao. Meharun hakuijua lugha yote, ila alijua neno moja, la dada. Akaliona tabasamu la mama yule likiporomoka polepole kutoka usoni.

Hina ilikuwa bado mbichi mikononi mwa Meharun. Alipolishika pazia, likachafuka kwa alama za vidole kumi.

*

Ijumaa, watu walipotoka msikitini, Tat alikuwa amesimama karibu na ngazi yake, ingali imeegemea kuba. Hakuwa amelala, macho yalisema. Meharun alitoka na kikombe cha chai. Mazoea ni kitu cha ajabu: alikiweka kwenye kipandio cha tatu, akarudi hatua mbili.

"Sinywi," Tat alisema. "Nisikilize haraka. Mama anakuja. Atasema alidanganya."

"Alidanganya nini?"

"Yote. Atasema alikuwa hataki tuoane, akaitunga. Watu watamtukana, hajali. Amekubali mwenyewe, sikumlazimisha."

"Na kovu?"

"Atasema alilisikia kwa mtu. Muuza maua, mkunga, yeyote. Meharun, baba yako anataka kuamini. Ulimwona jana? Alikuwa anampa mama milango ya kutokea, mmoja baada ya mwingine. Na mama, Mungu wangu, mama kwa kujisifu akaifunga yote. Leo anarudi kuifungua. Wewe kazi yako ni kunyamaza tu."

"Kunyamaza tu."

"Neno moja usiseme. Hilo ni zito?"

Alimtazama. Ulikuwa uso ule ule alioupenda: sikio moja limetoka kuliko jingine, kidevu kina alama ya chubuko la waya. Akajikuta, hakutaka, akiutafuta uso wa mama yake humo. Hakuna kitu. Maziwa hayaachi sura. Lakini tangu jana alikuwa hawezi kumtazama bila kukiona kile chumba cha ubavuni, mama yake na homa yake, na kitoto kile kinanyonya.

"Wewe unaamini ni uongo?" aliuliza.

Tat aliushika ubavu wa ngazi.

"Niambie, Tat. Ukiniambia unaamini ni uongo, nanyamaza."

"Mimi nimeacha udi wa baba yangu," alisema. "Nimeacha meza ya mama yangu. Shangazi yako kaniita mgeni, nikameza. Sasa unaniuliza ninaamini nini? Ninaamini nakutaka."

"Hilo silo nililokuuliza."

Geok Lan aliingia getini wakati huo huo, amevaa viatu tofauti miguuni, hakugundua. Kadir alikuwa anatoka msikitini, tasbihi mkononi. Shangazi Katija alikuwa barazani. Yule mama alikwenda moja kwa moja hadi mbele ya Kadir, akapiga magoti mbele ya watu.

"Nilidanganya. Mkeo hakumgusa mwanangu. Mimi ni mwanamke mbaya, nilikuwa na wivu, nikatunga. Waoane. Waoane leo hii."

"Inuka, Mama Tat."

"Siinuki mpaka useme umesikia."

Kadir aliitazama tasbihi yake, punje moja moja. "Mimi sikuwepo," alisema mwishowe. "Nilikuwa Nagapattinam. Sikuona kwa macho yangu." Akageuka, na macho yake yalikuwa yanaomba, Meharun alisema, kama ya mtoto. "Binti yangu, wewe una neno?"

Hata Shangazi alikuwa akitikisa kichwa kule barazani, anamwambia kimya kimya asiseme. Shangazi Katija, aliyetaka ndoa ivunjike! Watu wanne walikuwa wamemkabidhi mdomo wake, na kitu walichotaka ni aufumbe tu.

Angeweza. Angelala naye, angemzalia. Na kila atakapompakata mtoto wake mwenyewe kifuani, angemwona mama yake kwenye kile chumba, amefichwa mara ya pili, safari hii na bintiye.

"Kovu la mama lilikuwa limejikunja kama jani," Meharun alisema. "Wewe unalijua, Baba. Na mimi nalijua. Mama Tat hakudanganya jana. Anadanganya sasa."

Kadir alifumba macho. "Nalijua," alisema.

Geok Lan alipiga kelele moja fupi, kama mtu aliyeungua. Shangazi Katija alishuka barazani mbio, akamwinua, akamkumbatia, na wote wawili wakawa wanalia, huku Shangazi akisema, "Mimi nilitaka ivunjike, lakini si hivi, dada yangu, si hivi, ni ulimi wangu huu, ni nanasi langu." Akampeleka ndani.

Meharun alibaki na Tat ngazini. Alitoka pale aliposimama, akazipita zile hatua mbili, akamshika mkono. Ulikuwa mkavu, una sugu, una joto kuliko alivyowaza.

"Kaka," alisema. "Sasa naruhusiwa. Hata udhu hautenguki."

Tat aliutazama mkono wenye hina juu ya mkono wake. Kisha akauvuta wake, taratibu, kidole kimoja kimoja.

"Miaka mitatu nimeungoja mkono huu," alisema. "Usinipe hivi."

"Ndiyo namna pekee niliyonayo."

"Basi kaa nao." Alivua kofia, akaikunja, akaiweka kwenye kipandio cha tatu kando ya kikombe. Akaiangalia. Akairudisha kichwani. "Hii si yako," alisema, kama anagombana na mtu. "Hii nilidhani niliivaa kwa ajili yako." Akaondoka getini, bila kugeuka.

Baadaye walisikia kwamba alipanda feri ya kwenda bara, akalala kwenye benchi la nyuma hadi jioni. Ikamvusha na kumrudisha, ikamvusha na kumrudisha, na mabaharia wakamwacha.

Ndani ya nyumba joto lilikuwa kali. Kadir alijilaza msikitini chini ya feni, kiwiko juu ya macho, na baada ya muda pumzi yake ikawa nzito. Shangazi Katija alisinzia kwenye kiti cha barazani na kilemba kimemdondoka. Geok Lan hakutaka kwenda kwake. Aliomba aonyeshwe kile chumba cha ubavuni, siku hizi ni stoo ya mikeka na mabendera. Akatandika mkeka pale pale alipolala miaka ile, chini ya dirisha, akajikunja.

"Unanichukia?" aliuliza, uso ukutani.

"Sikuchukii," Meharun alisema.

"Ningenyamaza jana. Neno moja tu. Nilitaka mnipende."

Meharun alichukua upepeo wa manyoya ya tausi, ule wa kupepea kaburi, akampepea yule mama. Alimpepea mpaka mabega yakalegea, mpaka mkono uliokishika kile kibati cha susu ukafunguka wenyewe. Akakitoa, akakiweka kando.

Mahali pa kitanda cha mama yake palikuwa wazi, sakafu tupu ya saruji, ya baridi. Meharun alijilaza hapo kwa ubavu wa kulia, mikono yenye hina kifuani, akamsikiliza mama wa mwanamume aliyempenda akikoroma kidogo kidogo. Nje mtu alikuwa anaiondoa ngazi. Akaisikia ikiburutwa kwenye mawe hadi getini. Kabla haijafika, usingizi ulikuwa umemchukua.